UZI: Mario Party 2 kwenye Wii, TV ya nyanya, na rangi zilizopotea usiku wa Idi

#1 LangoniKwetu

Assalaam alaykum wadau. Uzi ni mrefu, mwenye haraka apite.

Binamu yangu aliyekaa Marekani miaka mingi karudi Lamu kupumzika, kaniletea begi. Ndani mna Wii nyeupe (mashine ya gemu ya Nintendo), ile ya toleo la kwanza, padi mbili za GameCube, mashine yao iliyotangulia Wii, na waya wa vichwa vitatu: manjano, nyeupe, nyekundu. Akaniambia, "Humo mna Mario Party 2, niliinunua zamani kwenye duka lao la mtandaoni."

Kwa wasioijua: Mario Party 2 ni gemu ya Nintendo 64, kazi ya Hudson Soft, ilitoka Japani Desemba 1999 na Marekani mwanzoni mwa 2000. Ni bao la kutembea kwa dadu, watu wanne, kila mzunguko ukiisha mnaingia kwenye kijimchezo cha dakika moja. Wii ni mashine ya 2006. Gemu haikuandikwa kwa ajili yake hata herufi moja. Mna programu ndani inayojifanya N64, na gemu ikadhani iko kwao. Mpango wenyewe uliitwa Virtual Console, gemu za N64 zikiuzwa pointi 1000, yaani dola 10. Duka lilifungwa tarehe 30 Januari 2019, kwa hivyo cha kununua hakuna tena. Aliyenacho anacho.

Sasa balaa. Siku mbili kabla ya Idi nikachomeka ukutani. Taa ikawaka, mara "tap", na harufu ile ambayo kila mwenye nyumba aijua. Adapta imeandikwa 120V kwa herufi ndogo ndogo, na umeme wetu ni 240. Kosa ni langu, sikusoma. Kuna fundi wa simu jirani, akaikata ile pini ya Wii kutoka kwenye adapta iliyokufa (pini yenyewe ina umbo lake, huipati dukani) akaiunganisha na adapta ya kamera za ulinzi, 12V, ampea 5. Ya asili ilikuwa 12V, ampea 3.7, kwa hivyo imetosha na kubaki. Alipima chanya na hasi mara tatu kabla hajaniruhusu nishike.

Usiku wa Idi watoto wamejaa, kanzu mpya, midomo ina halwa. Nikafunga kwenye TV ya nyanya, ile yenye mgongo. Gemu ikaja, sauti safi, padi zinaitika. Lakini picha ni nyeusi na nyeupe kama sinema za babu zetu.

Mkacheka, chekeni. Lakini gemu hii imeshonwa kwa rangi. Ukikanyaga duara la buluu wapata sarafu 3, jekundu wapoteza 3. Na mzunguko ukiisha, rangi uliyokanyaga ndiyo inayopanga timu: wote rangi moja, kila mtu na lwake, wawili buluu wawili nyekundu, mnagawana, mmoja peke yake, watatu wanamkalia. Sisi tulikuwa tunaona kijivu na kijivu kingine. Kisha kikaja Hexagon Heat. Toad, yule kijimtu mwenye kichwa cha uyoga, anainua bendera yenye rangi, ukimbilie jukwaa la rangi hiyo, mengine yote yanazama motoni. Watoto wakiangalia bendera, waangalia majukwaa, waniangalia mimi.

Mpwa wangu wa miaka minane akashinda mara tatu mfululizo.

Nikadhani ana macho ya paka. Kumbe padi ni mbili tu, wachezaji wawili waliobaki wanaendeshwa na mashine, na mashine inaijua rangi. Yeye alikuwa hamtazami Toad kabisa. Anamfuata Yoshi, yule dinosari wa kijani anayeendeshwa na mashine.

Maswali yangu: rangi nitazipataje? Padi mbili zaidi nitazitoa wapi? Na kuna binamu mwingine ananishikilia niuze yote ninunue Switch, mashine ya Nintendo ya baadaye. Nisaidieni.

#2 KijitiKirefu

Wa alaykum salaam kaka. Mimi niko Malindi. Hiyo ya pili sijaigusa, ila ya kwanza naijua kwa kiganja.

Babangu alikuwa mpishi kwenye nyumba ya Mtaliano, na mtoto wao alikuwa na N64. Likizo zote niko huko. Mario Party ya kwanza ina vijimchezo vya kuzungusha kijiti cha padi kwa kasi. Kuna Tug o' War, kuvuta kamba, mmoja dhidi ya watatu. Dole gumba halitoshi, kwa hivyo waweka katikati ya kiganja na kupekecha, kama mtu anayewasha moto kwa vijiti. Mimi na ubishi wangu nilikuwa sikubali kushindwa na mtoto wa mwenye nyumba. Siku ya tatu nina lengelenge la ukubwa wa shilingi. Mamangu akaniuliza kama nimeanza kuvuta nanga kwa watu.

Sikuwa peke yangu duniani. Malalamiko yalifika ofisi ya mwanasheria mkuu wa jimbo la New York, na mwaka 2000 Nintendo wakakubali kuwapa glavu wenye gemu hiyo Marekani. Glavu, wallahi. Ya pili ilipotengenezwa, habari ya kupekecha ikaondolewa. Na mkichunguza, kwenye Wii ililetwa ya pili, ya kwanza haikuletwa kamwe. Ilirudi Novemba 2022 tu, kwenye Switch, na ukiifungua yakuja maandishi yanakuambia usizungushe kijiti kwa kiganja.

#3 FundiWaMwisho

Nyote mmesema, sasa nipisheni kidogo.

Mkuu LangoniKwetu, Wii yako haina ugonjwa. Ni ya Marekani, na kupitia ule waya wa manjano inatoa rangi kwa mtindo wa NTSC. Afrika Mashariki tumelelewa na PAL. Mng'ao wa picha mifumo yote miwili inausoma karibu sawa, ndiyo maana picha umeipata. Rangi imefungwa juu yake kwa namna tofauti, TV inashindwa kuifungua, inaitupa. Unabaki na kijivu.

Njia ya kwanza: nyaya za komponenti, zile za kijani, buluu na nyekundu, pamoja na mbili za sauti. Hizo zinapeleka rangi bila ya kuifunga, habari ya PAL na NTSC inakufa hapo hapo. Tena Wii itakupa 480p, yaani picha ya mistari 480 inayochorwa yote kwa mkupuo. N64 yenyewe kwa kawaida ilikuwa ikichora 320 kwa 240. Hii programu ya ndani inachora vitu vya pande tatu kwa ukali zaidi. Utamwona Wario masharubu yake yamekatwa sawasawa. Maandishi na picha bapa zitabaki na ukungu kwa sababu ni zile zile za zamani zimevutwa. Lakini TV ya mgongo kwa kawaida haina matundu hayo, kwa hivyo sahau.

Njia ya pili: TV bapa ya kisasa. Nyingi zinasoma mifumo yote.

Njia ya tatu, na hapa nisikilize: TV nyingi za mgongo zilizoletwa kwetu zilikuwa za mifumo mingi. Kwenye menyu mna kitu kimeandikwa COLOR SYSTEM. Ukikuta PAL imekazwa, iweke AUTO au NTSC 3.58. Iangalie kabla hujatumia hata shilingi.

Na watu wasidharau kazi inayofanyika humo ndani. Prosesa ya N64 ni megahezi 93.75, ya Wii ni 729, karibu mara nane, na inazihitaji. Anayeiga hufanya kazi ya mkalimani: asikie, aelewe, aseme upya, na mzungumzaji hamsubiri.

#4 Mchele_na_Nazi

Mimi nimekwama kwa huyo mtoto anayemfuata Yoshi. Huyo mpelekeni bungeni.

#5 LangoniKwetu

Fundi, ahsante sana. Tatizo: TV ya nyanya vitufe vya mbele ni sauti na chaneli tu. Menyu iko kwenye rimoti, na rimoti hakuna anayeikumbuka.

Jana tumebeba TV bapa ya jirani, inchi 43, mimi na kijana mmoja, vichochoro vile vya kwetu mnavijua, punda akija mnasimama ukutani mpaka apite. Tukafunga. Rangi zote zimekuja, buluu ni buluu.

Lakini sasa hatuwezi kuruka kamba! Kile kijimchezo cha Hot Rope Jump, kamba ya moto inazunguka, wote wanne mnaruka. Kwenye TV ya nyanya tulikuwa tunafika mbali. Kwenye hii tunaungua kamba ya tatu, ya nne. Watoto wanasema padi zimelaaniwa.

#6 FundiWaMwisho

Padi hazina neno. TV inachelewa.

Fanya hivi: zima sauti ya kelele za watu, shika padi, bonyeza A na uangalie mruko. Ukihisi kama kuna mtu katikati anayepokea salamu yako kabla ya kuifikisha, ndiyo hiyo. TV ya mgongo inachora mstari pale pale unapofika. TV bapa inapokea picha ya mistari iliyoachana, inaishona iwe nzima, inainyoosha ijae inchi 43, inaipaka urembo, ndipo ikuonyeshe. Kila hatua yala wakati. Nenda kwenye mipangilio ya picha, tafuta hali ya gemu, na uzime kila kilichoandikwa kulainisha. Itapungua. Haitaisha.

Kwa filamu huoni kitu. Kwa gemu ya mtu mmoja dole lako linazoea baada ya nusu saa. Kwa gemu ya watu wanne, mmoja ni mgeni wa usiku ule na hana hiyo nusu saa.

#7 BintShela

Salamu kaka zangu. Mnajitesa bure. Switch, mchango wa mwaka wa Nintendo Switch Online ule wa juu wenye gemu za N64, mna Mario Party ya kwanza, ya pili, na tangu Oktoba 2023 ya tatu. Waya mmoja wa HDMI, hakuna PAL wala NTSC, hakuna adapta ya kamera. Na waweza kucheza na binamu yako akiwa amerudi huko Marekani. Mwenye kutaka ubao wa zamani kwa sura mpya, Mario Party Superstars ya 2021 ina Space Land na Horror Land zilizotoka kwenye hiyo ya pili.

Wii ina miaka mingapi? Na chumvi ya Lamu?

#8 LangoniKwetu

Dada, umesema kweli tupu na sina jibu la chumvi. Juzi tundu la padi ya pili lilikuwa linashika na kuachia. Nikaichungulia kwa tochi ya simu: vipini vya ndani vimeota kijani, kile kijani cha shaba iliyokaa pwani. Kijiti cha meno, pamba kidogo sana kichwani, spiriti, unazungusha, unatupa pamba, unaweka nyingine. Pamba ya saba ilitoka nyeupe. Tundu limerudi.

Lakini hesabu yako haijaisha. Switch yenyewe, mchango dola 50 kila mwaka, na padi za watu wanne. Na ukiacha kulipa, gemu zimefungwa. Hii ya binamu imenunuliwa mara moja na inacheza bila intaneti. Siku mawimbi ya simu yakipotea mtaani kwetu, Yoshi yupo.

#9 BintShela

Kwa Superstars, padi za Switch ukizilaza zinatoka mbili kwa jozi moja, usinizidishie. Ila kwenye kulipa kila mwaka umenishika.

#10 MtotoWaMatondoni

Wakuu mimi nina laptopu tu. Mwenye faili la gemu hii anitumie, nimeona Mupen64Plus ni bure.

#11 LangoniKwetu

Programu ya kuiga ni halali na ni bure, faili la gemu ni mali ya watu. Kwenye uzi huu siombi wala sitoi ndugu yangu, usinikasirikie. Wenye kaseti zao na kifaa cha kuzisoma wana njia yao.

#12 Mchele_na_Nazi

Na mimi niliwahi kucheza na laptopu, kibodi moja watu wawili. Rafiki akishika vitufe vyake vitatu kwa pamoja, vyangu vinakufa. Nikajua baadaye ni kibodi yenyewe, za bei rahisi hazisomi vitufe vingi kwa wakati mmoja. Siku hiyo nilijua ni uadui.

#13 MwambaWaPate

Ngojeni niwape onyo kwa waliotamani Wii baada ya uzi huu. Mimi nilinunua mtandaoni kwa muuzaji mmoja, sitamtaja. Picha ilionyesha mashine ya mbele tu. Nikaagiza na padi nne za GameCube kabisa, nina hamu. Mzigo ukafika Mokowe kwa basi, ukavuka kwa boti, nafungua: hakuna matundu. Nikageuza juu, chini, ubavuni. Hakuna. Nikampigia, ananiambia "Wii ni Wii tu".

Si kweli. Toleo la 2011 liliondolewa matundu ya GameCube, na ile ndogo ya baadaye pia haina. Mbinu ya kutambua kwenye picha: tazama neno Wii lililochapishwa usoni. Likisomeka sawa mashine ikiwa imesimama, ni ya mwanzo, ina matundu manne chini ya kifuniko cha juu. Likisomeka sawa ikiwa imelala, kimbia. Na gemu za N64 humo hazikubali ile rimoti ya Wii peke yake. Ni padi ya GameCube, au ile Classic Controller inayochomekwa kwenye rimoti. Kwa hiyo ikiwa haina matundu, hesabu rimoti nne na Classic nne. Padi zangu nne bado zimo kwenye boksi.

#14 LangoniKwetu

Mwamba. Padi nne. Kwenye boksi.

Nikutumie nini, niambie.

#15 MwambaWaPate

Hahaha. Mbili nakuuzia, mbili nabaki nazo kwa ukaidi. Njoo inbox.

#16 KijitiKirefu

Wakati biashara inaendelea: kwenu Boo, yule mzuka mweupe wa kuibia watu, mwamwitaje? Sisi kwa ile ya kwanza alikuwa anaiba sarafu bure, nyota ndiyo kwa sarafu 50. Nasikia kwenye ya pili hata sarafu analipisha?

#17 LangoniKwetu

Watoto wanamwita Jini. Ndiyo, kwenye ya pili akuibie sarafu wampa 5, akuibie nyota wampa 50, na nyota yenyewe kuinunua ni 20. Nyanya aliuliza kwa nini mtu alipe 50 kuiba kitu cha 20. Hakuna aliyeweza kumjibu. Shangazi akasema, "Kwa sababu ni ya kakake."

Kitu ambacho sikukitegemea: tulipocheza duru 20, watoto walivumilia vizuri. Duru 35 mmoja alilala padi mkononi, mashine ikamsubiri arushe dadu, sisi wote tukamsubiri, hakuna aliyetaka kumwamsha kwa sababu alikuwa anaongoza.

#18 FundiWaMwisho

Rimoti imepatikana?

#19 LangoniKwetu

Ndiyo nilikuja kuandika hiyo.

Nimezunguka vibanda vya rimoti mjini, hakuna inayooana. Jana usiku nikawa namweleza nyanya habari za menyu, tu kwa kulalamika. Akaniuliza, "Rimoti ya hii televisheni?" Akaingia chumbani, nikasikia sanduku linafunguliwa. Akatoka nayo imefungwa kwenye karatasi yake ya nailoni ya dukani, haijatolewa hata siku moja. Babu aliponunua TV alimwambia aiweke vizuri isipotee. Akaiweka.

Betri mpya. Menyu. COLOR SYSTEM: PAL. Nikabonyeza mara moja, SECAM, picha ikachafuka. Mara ya pili, NTSC 4.43, bado kijivu. Mara ya tatu, NTSC 3.58.

Sijui niwaelezeje. Tulikuwa kwenye Pirate Land, mashua imesimama. Bahari ikaingia rangi kutoka juu mpaka chini, watoto wakapiga ukelele mpaka jirani akaja kuuliza kuna nini. Kwenye TV hiyo hiyo isiyochelewa. TV ya jirani tumemrudishia asubuhi, punda tena mbili njiani.

Fundi, chai na mahamri yako iko hapa siku yoyote.

#20 FundiWaMwisho

Na mbaazi za nazi, sijasahau.

#21 BintShela

Haya, nimekubali nusu. Wii ikifa msinitafute usiku.

#22 MwambaWaPate

Mzigo umefika?

#23 LangoniKwetu

Umefika alasiri kwa boti, padi mbili, waya zake bado zimekunjwa kiwandani. Tundu la tatu na la nne nimeyasafisha kwanza kwa ile pamba. Hazitetemeki, kwa sababu kuiga kule hakukuleta mtetemo wa N64, lakini hakuna aliyeuliza.

Usiku huu tumekaa watu wanne wa nyama na damu kwa mara ya kwanza. Mimi Luigi, mtoto wa jirani Donkey Kong, mpwa wangu Mario kama kawaida yake. Shangazi, ambaye hajawahi kushika padi maishani, akasema anataka yule wa kijani mwenye pua.

Hexagon Heat ikaja duru ya sita. Rangi zote zinaonekana sasa, bendera inaonekana. Toad akainua nyekundu. Mimi nikaenda nyekundu, Donkey Kong nyekundu. Shangazi akashika njia ya manjano, anacheka, hajui hata yeye ni yupi.

Na mpwa wangu nyuma yake, mbio.